Vikombe vya Chumba cha Saa

Nilipoona kwenye kundi letu la simu kwamba Barasa ametutoka, kitu cha kwanza nilichofanya ni kukasirika. Watu wengine walikuwa wanaandika pole, wanaweka picha za mishumaa, wanauliza mazishi ni lini, na mimi nimesimama katikati ya jikoni yangu hapa Nakuru, mwiko mkononi, nasema kwa sauti, "Sasa nitamuuliza nani?" Maana nilikuwa na swali moja tangu ule mwaka tuliohamisha mitambo. Nilikuwa nimejiambia kwamba siku moja nitaliuliza vizuri, tukiwa wastaafu sote wawili, hakuna bosi wa kuogopa, tumekaa na chai. Swali lenyewe ni hili: siku ile nilipokataa kubonyeza, ndani ya Chungu kulikuwa na mtu au hakukuwa na mtu? Kazi niliyoitaka kuliko zote ilinitoka kwa sababu ya swali hilo, nikabandikwa jina lisilobanduka, na sasa yule niliyedhani anajua jibu amekwenda nalo. Ugali uliungua. Niliula hivyo hivyo.

Ngoja nieleze pole pole, maana nikianza katikati hivi hata wajukuu hunipotea. Kule nyuma ya Ziwa Naivasha ardhi inatoa pumzi. Wachungaji walijua hivyo kabla ya mhandisi yeyote. Asubuhi yenye baridi walisimamisha ng'ombe pale mvuke unapotokea, wakaota joto. Baadaye wakaja watu wa kuchimba, wakateremsha mabomba mpaka kwenye joto lenyewe, mvuke ukapanda, ukazungusha mashine, stima ikaenda Nairobi. Sisi wa mtaa wa Karagita, pale kando ya ziwa, tuliendelea kuwasha koroboi, lakini hiyo ni hasira nyingine. Stesheni yetu ilikuwa ya zamani kuliko zote kule. Ilipojengwa mimi nilikuwa bado nacheza kati, ule mchezo wa kukwepa mpira, na wasichana wenzangu, na nilipofika na cheti changu cha ufundi bado kinanukia wino, ilikuwa imeshazeeka na imeamuliwa ifanywe upya.

Kitu kilichonichanganya tangu siku ya kwanza ni kwamba stesheni ilikuwa na vichwa viwili. Kulikuwa na Chumba cha Saa, kile cha zamani. Kilikuwa kinaitwa hivyo kwa sababu ukutani kote kulikuwa na vipimo vya duara vyenye mikono, ungedhani umeingia kwa fundi wa saa, ila kila saa inasema wakati wake. Kilinuka mayai yaliyooza, ile harufu ya mvuke wa chini, pamoja na mandazi na sabuni ya kipande. Halafu ng'ambo ya korido kulikuwa na Chumba cha Skrini, kipya, sakafu inateleza, baridi ya mashine, hakuna harufu yoyote. Mwaka ule mzima vyumba vyote viwili vilifanya kazi, ili kipya kijifunze kwa cha zamani. Shida ni kwamba havikuelewana. Skrini inasema mvuke umepanda, mkono wa saa unasema umeshuka. Ukimuuliza Mhandisi Kimani, aliyeletwa kusimamia mabadiliko, kipi ni kweli, anasugua macho, anasema, "Vyote viwili, kwa sasa." Nilikuwa mwanamke wa kwanza pale kufunzwa skrini, nilitaka kiti cha mbele ya skrini mpaka nikakiota, na mwalimu wangu ananiambia vyote viwili. Basi tukajizoesha: kabla ya kugusa kitu kikubwa, unavuka korido mbio, unatazama mkono wa saa, unarudi. Wageni walicheka wakituona tunakimbia namna ile.

Vikombe vilikuwa Chumba cha Saa. Kila mfanyakazi alikuwa na chake, cha bati lenye rangi, na vilikaa kwenye rafu ndefu ya mbao chini ya vipimo, midomo juu. Mtu akienda kufanya kazi mahali ambapo mvuke ukifunguliwa utamkuta, anapita kwanza kwenye rafu, anakifunika kikombe chake, mdomo chini, ndipo anaenda. Akirudi anakifunua mwenyewe. Kikombe cha mtu kikiwa kimefunikwa, hakuna mkono unaogusa swichi, hata aje nani. Na hakuna anayefunua kikombe cha mwenzake, hata kama mwenzake amesimama hapo mlangoni anasema nifunulie. Barasa, fundi wa mabomba, ndiye aliyenieleza mwanzo wake. Siku za kwanza walikuwa wanabandika karatasi kwenye swichi, mvuke ukazilowesha zikaanguka, na mtu mmoja akaponea chupuchupu. "Sasa tukajiuliza," akasema, "ni kitu gani Mluhya hawezi kusahau? Kikombe ya chai!" Akacheka mpaka akakohoa. Chake kilikuwa cha buluu, kimebanduka rangi mdomoni, kwa hiyo chai ilipita kwenye kidonda kile cheusi kila siku, na hakukubali kubadilisha.

Chumba cha Skrini hakikutaka vikombe. Chai ikimwagika kwenye mashine zile ni msiba, kwa hiyo amri ilibandikwa mlangoni: hakuna chakula, hakuna kinywaji. Kwa mahali pa hatari kulikuja karatasi za ruhusa na kufuli nyekundu. Unasainiwa karatasi, unafunga kufuli, unaingia. Ukitoka unarudisha vyote viwili. Sikuona ubaya, na sioni hata leo. Kufuli ni kitu kizuri. Atakayeingia bila karatasi anakwenda nyumbani siku hiyo hiyo, na wawili walikuwa wameshakwenda. Lakini mikono ya watu haikusikia amri. Walichukua karatasi, walifunga kufuli, na bado walipitia Chumba cha Saa kufunika vikombe. Kwa hiyo mtu mmoja alikuwa anasema niko ndani mara mbili, kwenye vyumba viwili visivyosemezana.

Nilikaa Karagita, chumba kimoja cha mabati, mimi na Kerubo. Kerubo alikuwa ameajiriwa na kampuni ya usafi iliyokuja na mabadiliko, msichana wa Kisii mwenye mikono isiyotulia. Akikaa kitako dakika mbili ameshaokota kitu cha kufuta. Jioni tulipika githeri, mahindi na maharagwe, kwenye jiko moja, mlango wazi kwa ajili ya moshi, na mazungumzo ya jirani yalipita kwenye mabati bila kulipa kodi. Mwaka ule jirani walizungumzia jambo moja: mashine mpya zitafukuza wangapi. Mwanamume wa upande wa kushoto alisema skrini moja inafanya kazi ya watu kumi. Mke wake akamjibu, "Basi ikuoshee nguo." Tulicheka kimya, tumefunika midomo. Kerubo naye alileta aliyoyasikia akipiga deki ofisini, maana wakubwa huzungumza mbele ya anayepiga deki kama hayupo. Ndivyo nilivyojua kwamba wageni wanakuja kutoka Nairobi kuona mvuke unaanzishwa kwa skrini peke yake, na kwamba atakayebonyeza ni mimi. "Wamesema ukifanya sawa, kiti ni chako," Kerubo akaniambia, na akanitilia nyama yote iliyokuwa kwenye githeri, vipande viwili.

Sasa Chungu. Kabla ya kupeleka mvuke kwenye mashine, unautoa kwanza nje, uteme maji na mchanga wake. Unatokea kwenye pipa kubwa la saruji, refu kuliko nyumba, wazi juu, na chini lina mlango mdogo wa kupenya ukiwa umeinama. Hilo ndilo Chungu. Ndani hujijenga ukoko mweupe, mgumu, na mafundi huingia kuubomoa kwa nyundo. Mvuke ukifunguliwa na mtu akiwa mle, hakuna haja ya kueleza. Wiki ile mafundi walikuwa wamesafisha Chungu, wakamaliza, wakarudisha karatasi na kufuli.

Siku ya wageni nilivaa sweta ya Kerubo, maana yangu ilikuwa na tundu kwenye kiwiko. Ilikuwa saa za chai ya mchana. Wageni walikuwa wamesimama nyuma yangu na suti zao, kuna harufu ya sambusa kutoka korido. Mutai, tuliyekuwa tunafunzwa naye, ananitania chinichini: "Usitetemeke, mathe, ni kitufe tu." Kwenye skrini kila kitu kilikuwa kijani. Mhandisi Kimani akasema, "Atieno, fungua mvuke uende Chungu." Nikasema nisubiriwe kidogo, nikavuka korido kutazama mkono wa saa, kama tulivyozoea. Mkono ulikuwa sawa. Macho yakashuka kwenye rafu.

Vikombe vyote vilikuwa vimefunikwa. Si kimoja, si viwili. Vyote, mstari mzima, midomo chini, vinang'aa. Hata changu cha kijani, na mimi nipo hapa! Nikagusa changu, kimelowa maji. Ndipo nikaelewa nusu: Kerubo ameviosha, amevipanga vikauke, maana aliambiwa wageni wanakuja kila mahali pang'ae, na kwao kikombe kilichooshwa hulazwa mdomo chini, ni adabu. Sawa. Lakini alivikuta vipi? Vyote vilikuwa midomo juu, au kuna kimoja kilichokuwa kimeshafunikwa kabla hajakigusa? Ukivitazama huwezi kujua kipi ni mtu na kipi ni sabuni. Nilisimama pale nikivitazama kimoja kimoja, na kadiri nilivyotazama ndivyo nilivyozidi kupotea.

Nikarudi nikasema, "Siwezi kufungua." Kimani akauliza kuna nini. "Vikombe vyote vimefunikwa." Mgeni mmoja akauliza vikombe gani. Kimani akainama karibu yangu, sauti chini, "Atieno, karatasi zote zimerudi. Kufuli zote ziko hapa, hesabu mwenyewe. Hakuna mtu." Nikamwambia najua. "Basi unaogopa nini?" Nikasema sijui. Hilo ndilo jibu nililotoa mbele ya watu wa Nairobi, sijui, na lilikuwa jibu la kweli kuliko yote niliyowahi kutoa. Mutai akanyoosha mkono abonyeze yeye. Nikausukuma. Nikasema, "Mpaka vifunuliwe na wenyewe." Nilisikia sauti yangu imepanda kama ya mtu anayegombana sokoni, na mmoja wa wale wageni akatazama saa yake.

Kimani si mtu mbaya, na niseme hivyo kwa kuwa wengine wamemsema vibaya. Aliamuru mafundi wote waitwe Chumba cha Saa. Wakaja kutoka karakana, kutoka kantini, mmoja na ndizi mdomoni. Mutai akajifanya karani, anaita majina kwa madoido: "Kikombe ya Ochieng'!" "Niko!" Ochieng' anafunua chake. "Kikombe ya Mwangi!" "Niko!" Wageni walikuwa wamejaa mlangoni na sambusa zao, wanacheka sasa, kwao hii ilikuwa burudani. Kerubo alisimama kwenye kona na kitambaa, machozi yanamtoka, anamwambia kila mtu anayempita, "Niliosha tu. Mimi niliosha tu." Vikabaki viwili, changu na kile cha buluu. "Kikombe ya Barasa!" Kimya. "Barasa!" Kisha sauti ikatoka nyuma ya wageni: "Niko, niko. Kwani mtu hawezi enda choo?" Watu wakaangua kicheko. Barasa akapita katikati yao anahema, magoti ya ovaroli meupe, akafunua kikombe chake. Kiligonga mbao mara mbili kabla hakijatulia. Niliona magoti. Nilisikia kikombe. Nikafunua changu, na Mutai akaenda kubonyeza.

Mvuke ulitoka Chungu kwa kishindo, mweupe, mrefu, ukapita kilima. Wageni walipiga makofi. Mimi niliutazama kupitia dirisha la Chumba cha Saa, na hata leo nikifunga macho ninauona.

Kiti alipewa Mutai. Mimi nilipelekwa stoo, kutoa glavu na bolti, kwa muda mpaka nitulie, na muda wenyewe ukawa miaka yangu yote ya kazi. Jina la Mama Vikombe lilinifuata mpaka kwa mashemeji. Kampuni ya usafi ilimwondoa Kerubo, akaenda kufunga maua kwenye shamba moja la ziwani, na alipokuwa akifunga godoro lake aliniambia neno moja: "Ungekuja kuniuliza mimi kwanza." Kweli, ningeweza. Angekumbuka? Sijui. Siku nyingine nilijiona mjinga aliyesimamisha stesheni kwa ajili ya vyombo vilivyooshwa. Siku nyingine nayakumbuka yale magoti, naamka naona nilifanya la haki. Nilikuwa nabadilika hivyo hata ndani ya saa moja, nikihesabu bolti. Na Barasa kila mwisho wa mwezi alipita stoo na samaki mmoja kutoka ufuko wa Kamere, mkubwa, amefungwa kwenye gazeti. Nilidhani ananihurumia, na huruma yake iliniudhi, ila samaki nilikula. Siku moja nikamkazia macho, "Barasa, siku ile ulikuwa choo gani?" Akaweka gazeti kwenye kaunta. "Choo ni choo, Atieno. Kaanga samaki ikiwa fresh."

Tulimzika wiki iliyopita kwenye shamba lake karibu na Gilgil. Baada ya chakula niliingia jikoni kwa nyuma kumpa pole mjane, Mama Nekesa, nikamkuta amekaa kwenye kistuli katikati ya masufuria ya wapishi. Alinitazama. "Wewe ndiye Atieno wa samaki," akasema. Nikasema ndiye. Akamtuma binti alete mfuko, akatoa kikombe cha buluu, kimebanduka mdomoni. "Alisema nikupatie hii akishaenda. Nikamwambia, baba Nekesa, si umwambie mwenyewe? Akasema aibu." Nikauliza aibu ya nini. Akaanza kukifuta kikombe kwa leso yake, pole pole, ingawa hakikuhitaji kufutwa. "Alikuwa amesahau nyundo huko ndani ya hiyo kitu yenu. Karatasi ilikuwa imerudishwa. Angeitisha ingine wangeuliza kwa nini, na wageni wako hapo. Akaona ni dakika moja tu. Akafunika kikombe, akaingia. Alitoka na nyundo yake vizuri, akakuja kufunua, akapata watu wamejaa na jina lake inaitwa." Akakiweka kikombe mikononi mwangu. "Tulikuwa na watoto watano kwa shule, Atieno. Angesema, angefukuzwa hapo hapo. Lakini kila akipata mshahara, kabla ya unga, kabla ya fees, ilikuwa kwanza samaki ya Atieno."

Nilicheka. Mungu anisamehe, nilicheka kwenye nyumba ya matanga. Kisha nikalia, kisha hasira ikanipanda, nikasema, "Barasa, shetani wewe, samaki wote wale!" Binti akashtuka. Mama Nekesa hakushtuka. Akaniuliza, "Umekasirika naye?" Nikamwambia, "Sijui, mama. Kweli sijui." Alikuwa hai kwa sababu yangu, akala, akazaa tena, akazeeka, na kila siku ya uhai huo aliniacha nichekwe. Nimejaribu kulipima jambo hili kwa upande mmoja, halafu kwa mwingine, na halikai. Ni kama vile vyumba viwili. Ukiniuliza kipi ni kweli nitasugua macho.

Wakati wa kurudi, wenzangu wa zamani waliamua tusimame Kikopey, maana huwezi kupita Kikopey na watu wa stesheni bila nyama. Waliagiza mbuzi, mbavu na mguu, na walizungumza habari ya stesheni, kwamba inabomolewa sasa ijengwe upya kabisa, na Chumba cha Saa kimeshaangushwa. Mutai, kichwa cheupe sasa, alikuwa anaonyesha picha za kifusi kwenye simu yake. Akanigeukia. "Mama Vikombe!" akaita, na meza nzima ikacheka kicheko kile kile cha miaka yote. "Wewe unachukua nini, chai ama soda? Ama ulikuja na kikombe yako?"

Nikafungua mfuko. Nikakitoa kile cha buluu, nikakiweka kwenye ubao katikati ya nyama na kachumbari, mdomo chini. Walikijua. Mhudumu aliyekuwa anatukatia nyama aliendelea kukata, hakujua kitu, na kisu chake ndicho pekee kilichosikika.

"Alikuwa ndani," nikasema.

Mutai alinitazama mimi, akakitazama kikombe. Alinyoosha mkono akifunue, vidole vikafika karibu, kisha akakumbuka, akaurudisha.